Mbwa mwenye woga: namna ya kumtuliza bila fimbo

Masasi ao radi zikilia, mbwa wengi wanatetemeka na kujificha chini ya kitanda, wengine wanauma. Si ukaidi, ni woga. Ukimpiga, woga unazidi.

Umwachie pahali pake pa kujificha, usimvute na kamba. Kaa chini ukimpa ubavu, usimtazame machoni. Tupa kipande cha fufu na sambaza karibu naye, kisha ungoje. Akikuja mwenyewe, mpe tena. Dakika 5 zinatosha, lakini kila siku. Watoto wakae mbali kwanza.

Akiuma mtu, osheni kidonda na maji na sabuni dakika 15, mwende kituo cha afya siku ileile. Kichaa cha mbwa kikishaanza, dawa hakina.