Nether Reactor: mashine ya watoto wa simu

Wasee, tafuteni historia ya Minecraft leo muone. Karibu kila mtu atakwambia Nether ilikuja Oktoba 2010. Ni kweli, lakini ilikuja kwa nani? Kwa wenye kompyuta. Sisi wa simu tulingoja hadi 2015, na kwa hiyo miaka ya katikati tulikuwa na kitu chetu ambacho watu wa kompyuta hawakuwahi kupewa. Kiliitwa Nether Reactor.

Kwa wale hawachezi: Nether ni ulimwengu wa pili ndani ya gemu, kama jehanamu hivi. Lava kila mahali, na ukimwaga maji yanakauka papo hapo. Watu huenda huko kuchimba vitu ambavyo huku juu havipatikani. Kwenye kompyuta unajenga mlango wa obsidiani, unauwasha moto, unapita.

Sasa Minecraft ya simu, Pocket Edition, ilitoka 2011, na simu za wakati huo mnazikumbuka. Dunia yote ilikuwa bloku 256 kwa 256. Unatembea kidogo tu, umegonga ukuta usioonekana. Ulimwengu wa pili ungeuweka wapi hapo? Basi Mojang walipotoa toleo la 0.5.0, Novemba 2012, waligeuza mambo: badala ya wewe kwenda Nether, Nether ndio inakuja kwako.

Haikuwa rahisi. Kiini cha mashine kilitaka vipande 6 vya chuma na almasi 3. Juu ya hapo, bloku 4 za dhahabu, na bloku moja ni vipande 9, kwa hivyo piga hesabu: 36. Halafu mawe ya kawaida 14. Unapanga ghorofa tatu, kiini katikati, unagusa. Ukikosea bloku moja tu, gemu inakwambia mpangilio si sahihi. Ukipatia, mnara mkubwa wa mawe ya Nether unatokea na kukufungia ndani, mashine inaanza kung'aa nyekundu, na vitu vinamwagika sakafuni: kwatzi, unga wa mawe ya mwanga, mbegu za tikiti. Pamoja navyo wanakuja zombi nguruwe, na hao hawaji kusalimia. Chini ya dakika moja yote yameisha. Mnara unabaki umetoboka-toboka, mashine imekuwa obsidiani nyeusi, na kile kiini hakiwaki tena.

Cuzo yangu aliwasha ya kwanza sebuleni. Namaanisha sebuleni mwa nyumba tuliyojenga ndani ya gemu likizo nzima ya Aprili. Hakuna aliyetuambia kwamba mnara haujali kilichokuwa hapo kabla. Nyumba yote ilimezwa. Hatukuongea naye hadi jioni, na kwatzi zenyewe tulizopata hazikujaza hata mfuko.

Lakini hapa ndipo nabishana na wale wanaoiita Nether ya maskini. Mashine ilikuwa na sharti moja ambalo mlango wa kompyuta haukuwa nalo: wachezaji wote wawe karibu nayo, la sivyo haiwaki. Kama mmoja wenu ameenda kuchimba mbali, mnamngoja. Tulikuwa watatu kwa hotspoti ya simu moja, tumebanana kwa kitanda kimoja, na hiyo sheria ilitulazimisha tuache kila mtu kuhangaika na shimo lake. Mnahesabu moja, mbili, tatu, halafu mnapigana na nguruwe mgongo kwa mgongo. Sijui kama waliotunga sheria hiyo waliwaza hivyo ama ilikuwa tu njia ya kuokoa simu isizimike. Kwetu ilifanya kazi hiyo.

Mwaka wa 2015, toleo la 0.12 lilileta Nether kamili kwenye simu. Nilifurahi, sitawadanganya. Mlango wa kweli, dunia ya kweli, unaingia na kutoka utakavyo. Siku hiyo hiyo mashine ilizimwa. Kama ulikuwa umeijenga kwenye dunia yako ya zamani, kiini kilibaki pale kama bloku nyingine yoyote. Unagusa, hakuna kitu.

Kinachoniuma si kuzimwa. Gemu hubadilika. Kinachoniuma ni kwamba historia inasimuliwa kama vile simu ilikuwa nakala mbovu ya kompyuta, iliyokuwa inachelewa tu kufika. Wengi wetu hapa hatukuwa na kompyuta nyumbani. Minecraft yetu ndiyo ile. Mtu akiorodhesha vitu vilivyowahi kuwa kwenye hii gemu na aruke mashine yetu, ametuambia hatukuwepo.

Mwezi jana cuzo alipata simu yake ya zamani kwa droo. Kioo kimepasuka na haikai bila chaja, lakini haikuwahi kupata nafasi ya kusasisha gemu, kwa hivyo toleo ni lile lile. Tukafungua dunia yetu. Magofu ya nyumba yako pale, na kando yake kuna mashine moja tuliyoipanga tukasahau kuiwasha. Nilitaka kuigusa hapo hapo. Cuzo akakataa. Wa tatu wetu yuko Doha kazini, anarudi Desemba.