Kalasha na Upande wa Pili wa Tana

Tuzo za Kalasha zilianza 2009 chini ya Tume ya Filamu ya Kenya, taasisi ambayo serikali iliiunda 2005 kuikuza sanaa hiyo na kuitangaza nchi kwa watengenezaji wa filamu wa nje. Usiku wa hafla macho yote huwa kwa mshereheshaji. Yeye ndiye anayechangamsha ukumbi na kuwapisha washindi jukwaani, na ndiye anayeupa usiku huo lugha yake, ambayo mara nyingi ni Kiingereza kilichochanganywa na Kiswahili na Sheng. Mwenye shughuli, hata hivyo, si yeye. Mwenye shughuli ni serikali, kwa fedha na jina la wananchi wote, na kwa sababu hiyo tuna haki ya kuuliza ni nani anayekosekana jukwaani. Jibu langu ni Garissa, Wajir na Mandera, kaunti tatu ambazo sensa ya 2019 ilizihesabia karibu watu milioni 2.5. Kukosekana kwao hakutokani na uhaba wa vipaji, wala si kazi ya dini. Kulianza miaka mingi kabla ya tuzo zenyewe, katika namna dola ilivyolitawala eneo hilo.

Mwaka 1926 serikali ya kikoloni iliifanya Wilaya ya Mpaka wa Kaskazini, iliyojumuisha kaunti hizo za leo, kuwa eneo lililofungwa: mtu hakuingia wala kutoka bila kibali. Sheria ya wilaya maalumu ya 1934 ikakaza kamba zaidi. Uhuru haukuilegeza. Tarehe 28 Desemba 1963, wiki mbili tu baada ya bendera mpya kupandishwa, hali ya hatari ilitangazwa kwa sababu ya vita vya Shifta, uasi wa kutaka eneo hilo lijiunge na Somalia, na ingawa vita vilikwisha 1967, sheria zake hazikuondolewa hadi 1991. Karibu na mwisho wa kipindi hicho, 1989, Wakenya wa asili ya Kisomali walichujwa upya na kupewa kadi ya ziada ya kuthibitisha uraia wao. Sanaa nyingine zinaweza kuishi katika hali kama hiyo. Shairi husafiri kichwani mwa mtu mpaka Mogadishu na kurudi bila kuonyesha kipande kizuizini. Filamu haiwezi. Inahitaji umeme, mitambo, leseni, barabara, na watu wasioogopa kuonekana wakizungumza mbele ya kamera. Inahitaji pia kwamba anayeshika kamera asidhaniwe kuwa adui. Haishangazi kwamba hadi leo wapo wakazi wanaosema wanakwenda Kenya wanapovuka daraja la mto Tana kuelekea Nairobi.

Mfano wa Wagalla unatosha kuonyesha gharama ya utawala huo. Februari 1984, katika uwanja wa ndege wa Wagalla karibu na mji wa Wajir, wanajeshi waliwakusanya wanaume wa ukoo wa Degodia, wakawaua wengi. Serikali baadaye ilitaja vifo 57. Walionusurika na familia zao wanasema ni maelfu. Annalena Tonelli, Mwitaliano aliyekuwa akiwahudumia wagonjwa wa kifua kikuu Wajir, ni miongoni mwa waliojitahidi kuokoa majeruhi na kuufikisha ushahidi nje. Ilichukua miaka 31 kabla Judy Kibinge hajakamilisha, mwaka 2015, filamu yake ya kumbukumbu kuhusu mauaji hayo, Scarred: The Anatomy of a Massacre, ambamo wazee na wajane wanasimulia wenyewe. Naiheshimu sana kazi hiyo. Hata hivyo, ni kazi iliyoletwa na mkurugenzi aliyesafiri kwenda Wajir, na hapo ndipo penye tatizo: hadithi za eneo hilo zinafika kwenye skrini pale tu mtu wa kutoka kwingine anapozifuata.

Ndivyo ilivyokuwa tena kwa filamu ya Watu Wote. Tarehe 21 Desemba 2015 wanamgambo waliliteka basi lililokuwa likienda Mandera, karibu na El Wak, wakawataka abiria Waislamu wajitenge na Wakristo. Abiria walikataa. Mwalimu Salah Farah, mmoja wao, alipigwa risasi na akafariki Januari 2016. Ujasiri huo ulitokea mwaka mmoja tu baada ya abiria 28 kuuawa katika shambulio jingine la basi Mandera, tena katika mwaka uleule ambao watu 148 waliuawa Chuo Kikuu cha Garissa. Aliyeugeuza kisa hicho kuwa filamu fupi ni Katja Benrath, mwanafunzi wa chuo cha Hamburg, akishirikiana na Wakenya. Mwaka 2018 filamu hiyo iliteuliwa kuwania Oscar. Miongoni mwa waigizaji wake walikuwamo Barkhad Abdirahman na Faysal Ahmed, Wasomali wa Minnesota waliowahi kuigiza katika Captain Phillips. Silaumu hata mmoja wao. Nauliza tu ni kwa nini kisa cha Mandera kilihitaji kupitia Hamburg na Minnesota ili kifike Hollywood, ilhali Kenya ilikuwa na tume ya filamu kwa zaidi ya miaka kumi.

Watakuwapo watakaosema kwamba jamii yenyewe haitaki sinema, kwamba Uislamu na mila za Kisomali haviendi na uigizaji. Historia inakataa. Mogadishu, yenye dini ileile na lugha ileile, ilifungua ukumbi wa taifa wa maigizo 1967, ikaunda shirika la filamu 1975, na kufikia 1987 ilikuwa ikialika watengenezaji wa filamu wa Afrika nzima kwenye tamasha lake. Ni kweli wapo wazazi wa Garissa ambao hawangependa binti yao aigize, na wana haki ya kusikilizwa. Wazazi wa namna hiyo wapo Nyeri na Kisumu pia, na hawajaizuia Nairobi kutoa waigizaji. Katika kambi za wakimbizi za Dadaab, ndani ya kaunti ya Garissa yenyewe, shirika la FilmAid limewaonyesha wakimbizi sinema kwenye skrini za uwanjani na kuwafundisha vijana kutengeneza zao. Vijana walijitokeza. Kilichokuwapo kambini na kukosekana mjini ni mwalimu na kamera.

Pingamizi zito zaidi ni la haki ya ushindani: tuzo hupewa kazi bora, na majaji hawawezi kuituza filamu ambayo haikuletwa. Nalikubali hilo kwa majaji. Silikubali kwa tume, ambayo wajibu wake huanza muda mrefu kabla ya majaji kuketi. Kura za watazamaji, ambazo Kalasha huzihesabu pamoja na maamuzi ya majaji, nazo humfaa zaidi msanii ambaye mashabiki wake wana intaneti ya uhakika na wameshaiona kazi yake kwenye televisheni. Ibara ya 11 ya Katiba ya 2010 inaitaka dola iendeleze aina zote za sanaa na utamaduni wa taifa, na haibagui kaunti. Mfuko wa Usawazishaji wa Ibara ya 204 ulitajiwa maji, barabara, afya na umeme kwa maeneo yaliyoachwa nyuma, na hayo ni ya lazima. Sanaa haikutajwa, kwa hiyo mzigo huo unabaki kwa tume na serikali za kaunti. Na kwa upande wa umeme, mambo yamebadilika: tangu 2019 Garissa ina mtambo wa jua wa takriban megawati 50, unaoilisha gridi ya taifa.

Tume ya Filamu iende Garissa kufundisha na kukopesha vifaa, ipokee filamu za Kisomali zenye tafsiri, na ipeleke maonyesho ya filamu zilizoteuliwa Wajir na Mandera kabla ya kura kupigwa. Kisha hafla moja ya Kalasha ifanyike Garissa, na mshereheshaji wake awe mtu wa huko.