Mraba wa Malevich na Ukili wa Pemba

Nadharia ya uchoraji usioiga umbo la kitu chochote aghalabu huhesabiwa kuwa ilizaliwa Petrograd, Urusi, mwezi Desemba 1915, Kazimir Malevich alipotundika mraba mweusi juu katika pembe ya chumba, mahali ambapo Warusi huweka picha zao takatifu. Kijitabu chake cha mwaka huohuo kilidai kwamba uchoraji umekombolewa na utumwa wa kuiga maumbile. Katika kitabu kilichotoka Ujerumani mwaka 1927 aliueleza msingi huo kuwa ni ukuu wa hisia tupu.

Lakini takriban mwezi mmoja kabla, michoro yake ya namna hiyo ilikuwa imekwisha kuonyeshwa Moscow, imetariziwa na wanawake wa kijiji cha Verbovka, Ukraine. Jambo hili hutajwa kwa haraka mno.

Mtafiti wa sanaa za Pemba hafai kulipita. Kisiwani humo msukaji wa mikeka huchana ukindu, huutia rangi, husuka ukili mrefu, kisha huushona. Nakshi hutokana na hesabu: uchane mmoja ukikosewa, kosa hutembea pamoja na ukili. Hapana kiumbe kinachoigwa. Hata hivyo, kuuita mkeka huo suprematizimu ni kosa, tena ni kumpa msukaji heshima ya kuazima. Malevich alihitaji kijitabu kwa kuwa alikuwa akivunja desturi ya picha. Msukaji hakuvunja kitu, na nadharia yake imo katika idadi ya chane anayomfundisha bintiye. Mraba ule ulitundikwa penye picha za ibada. Mkeka hutandikwa chini, watu wakasali juu yake.