Mama Kayai: Sura iliyojulikana kuliko jina

MARY Khavere ni jina ambalo Wakenya wengi hupita bila kulitambua. Lakini atajwapo Mama Kayai, waliolelewa katika mitaa ya Eastlands, Nairobi, miaka ya 1980 na 1990 humkumbuka mara moja.

Ndiye mwigizaji aliyecheza nafasi ya mkewe Mzee Ojwang' katika Vitimbi, kipindi cha vichekesho cha Kiswahili kilichoanza kuonyeshwa miaka ya 1980 kwenye runinga ya taifa. Wakati huo kituo kiliitwa Sauti ya Kenya, kabla ya kugeuzwa mwaka 1989 kuwa Shirika la Utangazaji la Kenya (KBC).

Hadi mwaka 1990, KTN ilipoanzishwa, Kenya ilikuwa na kituo kimoja tu cha runinga. Katika mitaa kama vile Kaloleni, Maringo, Jericho na Bahati, si kila nyumba iliyokuwa na chombo hicho. Watoto walijazana sebuleni kwa jirani, na waliokosa nafasi walichungulia dirishani. Baadaye zilienea runinga ndogo za Great Wall, zisizo na rangi, ambazo ziliweza kutumia betri ya gari.

Mambo waliyoyatazama hayakuwa mageni kwao. Mzee Ojwang' alikuwa bwana mwenye hasira na maneno mengi. Mama Kayai alikuwa mke ambaye hakumwogopa. Alimkanya mumewe, akamjibu neno kwa neno, na mara nyingi yeye ndiye aliyekuwa na busara nyumbani. Wanawake waliokuwa wakisukuma maisha katika nyumba za chumba kimoja na waume wa aina hiyo walimwelewa bila kufafanuliwa.

Maigizo ya namna hii hutegemea sana ubunifu wa papo hapo. Waigizaji hupewa kiini cha kisa, nao huyajenga mazungumzo wenyewe. Anayemjibu mwenzake ni sharti amsikilize kwa makini, la sivyo mchezo huzama. Hapo ndipo ufundi wa Khavere ulipoonekana: vituko vya Ojwang' visingechekesha bila mtu wa kuvipokea.

Katika miaka ya 1990, Wakenya walianza kutazama pia tamthilia za Mexico, zikiwemo zile za mwigizaji Verónica Castro, nyota wa The Rich Also Cry. Tamthilia hizo zilitoka katika Kihispania na kuwafikia watazamaji kwa Kiingereza. Mama Kayai alizungumza Kiswahili kilichoeleweka na nyanya na mjukuu.

Wawili hao waliigiza pamoja kwa muda mrefu hata watazamaji wengi wakaamini kuwa walikuwa mume na mke. Ukweli ni kwamba ndoa yao ilikuwa ya kwenye runinga pekee. Aliyejulikana kama Ojwang' alikuwa Benson Wanjau, Mkikuyu aliyeigiza kwa lafudhi ya Kijaluo kwa ustadi uliowahadaa wengi.

Umaarufu huo haukuwa na maana ya utajiri. Macho ya Wanjau yalipodhoofika uzeeni, wananchi walimchangia fedha za matibabu. Alifariki Julai 12, 2015, katika Hospitali ya Kitaifa ya Kenyatta. Kwa mashabiki wengi, Mama Kayai alikuwa amefiwa na mume.

Mwaka mmoja kabla ya msiba huo, Machi 2014, Mkenya Lupita Nyong'o alituzwa Oscar kwa uigizaji wake katika filamu ya 12 Years a Slave. Dunia nzima ililijua jina lake. Kizazi cha Khavere kilifanya kazi mapema mno kupata soko la aina hiyo, na wengi wao walibaki kujulikana kwa majina ya wahusika wao.

Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inampa mwigizaji haki juu ya maonyesho yake yanaporekodiwa na kutangazwa. Hata hivyo, sheria hiyo ilipitishwa wakati Vitimbi ilikuwa imekwisha kuchekesha taifa kwa zaidi ya mwongo mmoja. Watoto waliochungulia dirishani Kaloleni walikuwa wamekuwa watu wazima, wakimjua Mama Kayai kama jirani, bila kulijua jina lake.