Haki ya Kukataa Kusamehe

Siku ya Krismasi mwaka 1971, mkuu wa mkoa wa Iringa, Dk. Wilbert Klerruu, aliendesha gari mwenyewe hadi Mkungugu, Isimani, akamkuta mkulima Said Mwamwindi shambani kwake, sikukuu kwa wengine, siku ya kazi kwake. Maneno yakawa makali. Baadaye Mwamwindi aliieleza mahakama kwamba alitukanwa na kudungwa kwa fimbo mbele ya mji wake. Alichukua bunduki akampiga risasi mkuu wa mkoa, akaipakia maiti kwenye gari la marehemu, akaliendesha hadi kituo cha polisi Iringa mjini na kujisalimisha.

Nilisomea ualimu katika chuo cha Iringa kilichopewa jina la Dk. Klerruu, na bwenini nililala pamoja na vijana wa Isimani waliokuwa wakimtaja Mwamwindi kwa sauti ya chini, kama mtu anavyomtaja babu yake. Nimefundisha historia mpaka nikastaafu. Kila nilipofika kwenye mada ya vijiji vya ujamaa, kuna mwanafunzi aliyeuliza swali lile lile: mbona Mwalimu Nyerere hakumsamehe? Swali hilo linastahili jibu refu, kwa sababu ndani yake mna swali kubwa zaidi: nani mwenye haki ya kukataa kusamehe, na haki hiyo aliipata wapi?

Lazima kwanza uijue Isimani. Uwanda ule ulifunguliwa kwa mahindi miaka ya 1950, watu wakahamia kutoka huku na huku, na waliopata matrekta wakalima mashamba makubwa mno kwa macho ya jirani mwenye jembe la mkono. Baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967, wakulima wa namna hiyo waliitwa mabepari wa vijijini. Dk. Klerruu, msomi aliyepata shahada ya uzamivu Marekani, alitumwa Iringa kuharakisha vijiji vya ujamaa, na aliifanya kazi hiyo kwa moto. Kwa hiyo siku ile waligongana watu wawili waliokuwa na uhakika kwamba ardhi iko upande wao. Sisemi hivyo ili kuipunguza damu iliyomwagika. Klerruu alikuwa na familia iliyomsubiri sikukuu, na hakurudi.

Kesi ilisikilizwa mwaka 1972 na Jaji Onyiuke, Mnigeria aliyekuwa akitumikia Mahakama Kuu ya Tanzania. Utetezi ulisimama juu ya nguzo mbili: kwamba mshtakiwa alichokozwa hadi akashindwa kujizuia, na kwamba akili yake haikuwa sawa wakati ule. Kama hoja ya uchokozi ingekubaliwa, kosa lingeshuka kuwa kuua bila kukusudia, na hukumu ingekuwa kifungo. Mahakama ilizikataa hoja zote mbili. Kwa kosa la kuua kwa kukusudia sheria yetu haikumwachia jaji nafasi ya kuchagua; adhabu ilikuwa moja, kunyongwa hadi kufa.

Hapo mahakama inamaliza kazi yake, na faili linaanza safari nyingine. Kwa sheria ya mwenendo wa makosa ya jinai tuliyonayo leo, rufaa zikiisha, jaji aliyesikiliza kesi humpelekea Rais kumbukumbu za ushahidi pamoja na taarifa yenye saini yake, akieleza lolote analoona linafaa kuzingatiwa. Rais naye hutoa hati ya kutekeleza adhabu ya kifo, au amri ya kuibadilisha, au msamaha. Njia ni hizo tatu. Katika zote tatu kuna karatasi, kuna saini na kuna muhuri.

Said Mwamwindi alinyongwa. Mwalimu alikuwa na uwezo wa kumwachia uhai na hakuutumia.

Katika mwaka ule ule wa 1972 aliohukumiwa Mwamwindi, Mwalimu alimsamehe Bibi Titi Mohamed. Mama huyu aliyewakusanya wanawake wa Dar es Salaam kuingia TANU alikamatwa mwaka 1969, akashtakiwa kwa uhaini mwaka 1970, akahukumiwa kifungo cha maisha. Alikaa gerezani miaka isiyozidi mitatu, akatoka kwa msamaha wa Rais, na leo barabara kubwa ya Dar es Salaam inaitwa kwa jina lake. Uhaini ni kosa dhidi ya dola nzima. Mwamwindi aliua mtu mmoja. Lakini mtu huyo mmoja alikuwa ndiye serikali mkoani Iringa, na nadhani Mwalimu aliona kwamba akimwacha hai aliyempiga risasi mkuu wa mkoa kwa sababu ya shamba, hapatabaki mkuu wa mkoa atakayethubutu kushuka kwenye gari Isimani, wala si Isimani peke yake. Hiyo ni hukumu yangu kama mwalimu wa historia. Msamaha wa mtawala hupima hatia ya mtu, lakini hupima pia usalama wa kiti.

Wazee wa pwani walikwisha kuliona jambo hilo miaka themanini kabla. Abushiri bin Salim al-Harthi, kiongozi wa vita dhidi ya Wajerumani, alikamatwa Desemba 1889 na kunyongwa Pangani tarehe 15 mwezi huo huo. Miezi minne baadaye Bwana Heri bin Juma wa Saadani, aliyepigana na Wajerumani hao hao, alijisalimisha kwa kamanda wa Wajerumani, Hermann von Wissmann, naye Wissmann akamsamehe na kumruhusu kuujenga upya mji wake. Kwa nini mmoja kamba na mwingine nyumba? Bwana Heri alikuja mwenyewe, na nyuma yake kulikuwa na Wazigua na njia ya misafara ambayo Wajerumani waliihitaji iwe na amani. Abushiri aliletwa amefungwa, hana tena cha kutoa. Kosa la wawili hao lilikuwa moja.

Kabla ya bendera za Wazungu, haki ya kukataa kusamehe ilikuwa ya wengine kabisa. Kwa sheria ya Kiislamu iliyofuatwa na makadhi wa pwani, mtu akiuawa kwa kukusudia, wenye kauli ni warithi wake. Aya ya 178 ya sura ya Al-Baqara ndiyo msingi: warithi wanaweza kudai kisasi, wanaweza kupokea dia, yaani fidia ya damu, wanaweza kusamehe. Mtawala husimamia tu. Hata kama angependa muuaji aachwe, warithi wakishikilia kisasi hana neno la kuwapita.

Tulizoea kuambiwa kwamba utaratibu huo ulikuwa wa kikatili na kwamba serikali za kikoloni zilileta huruma. Sikubaliani. Katika utaratibu wa warithi, anayekataa kusamehe lazima aonekane. Anaketi barazani, ndugu wa muuaji wanamwomba, wazee wanamwomba, kadhi anamkumbusha fadhila za kusamehe. Akisema hapana, amesema hapana mbele za watu, na ataishi nao. Utaratibu huo ulikuwa na dosari zake, na tajiri aliimudu dia kuliko maskini. Lakini neno lilikuwa na mwenyewe.

Waingereza walipoichukua Tanganyika, amri ya mfalme wao ya mwaka 1920 ilimpa gavana madaraka ya kusamehe wahalifu. Yalikuwa madaraka ya mfalme wa Uingereza, ambaye kwa sheria ya kwao kila jinai ni kosa dhidi yake, hivyo yeye ndiye wa kusamehe na yeye ndiye wa kunyima. Mjane wa Isimani au wa Pangani alitolewa kwenye baraza, akawa shahidi tu. Uhuru ulipokuja hatukulirudisha jambo hilo kwa wenyewe. Tulilihamisha kutoka kwa gavana hadi kwa Rais. Leo limo katika ibara ya 45 ya Katiba ya mwaka 1977. Rais anaweza kusamehe kwa masharti au bila masharti, kuahirisha adhabu, kuibadilisha iwe nyepesi, au kuifuta yote au sehemu yake. Ibara nzima inazungumzia kutoa. Kuhusu kunyima, kimya.

Na kunyima kupo. Kila sikukuu ya Uhuru au ya Muungano, tangazo la msamaha huja na aya ya wale ambao msamaha hautawahusu. Kwa kawaida utawakuta humo waliobaka, wanyang'anyi wa silaha, wauza dawa za kulevya, wala rushwa. Ni katika aya hiyo Watanzania wengi walijua kwamba kuna makosa yasiyosameheka. Kisha tarehe 9 Desemba 2017, kwenye uwanja wa Jamhuri mjini Dodoma, Rais Magufuli aliwataja kwa majina wanamuziki Nguza Viking na mwanawe Papii Kocha, waliokuwa wakitumikia kifungo cha maisha tangu 2004 kwa hatia ya kubaka watoto wa shule. Uwanja ulishangilia, na jioni ile watu waliimba barabarani. Katiba ilimruhusu Rais, hilo halina ubishi. Mimi niliwafikiria wazazi wa wale mabinti. Kwa utaratibu wa kale, katika jinai ya damu, mdhulumiwa aliulizwa kwanza. Kwa huu wetu alisikia habari redioni kama jirani yeyote, na naamini hilo ni kosa la sheria yetu linalopaswa kurekebishwa hata kama kila msamaha unaotolewa ni wa haki.

Lakini sura ya kunyima inayonisumbua kuliko zote ni ya kondemu, wale waliohukumiwa kunyongwa. Tanzania haijamnyonga mtu tangu mwaka 1994. Mwaka huo huo Jaji James Mwalusanya, akiwa Dodoma, aliamua katika kesi ya Mbushuu kwamba adhabu ya kifo inavunja Katiba, kwa kuwa ni ya kikatili na inamdhalilisha binadamu. Mwaka 1995 Mahakama ya Rufani iliitengua hukumu hiyo. Ilikubali kwamba adhabu hiyo ni ya kikatili, lakini ikasema Katiba inairuhusu. Tangu hapo mahakama zimeendelea kutoa hukumu ya kifo, na marais hawatii saini ya kunyonga. Mwaka 2017 Rais Magufuli alisema hadharani kwamba asipelekewe orodha ya watu wa kunyongwa, maana anajua ugumu wake.

Wengi waliisifu kauli ile kuwa ya huruma, na ilikuwa na huruma ndani yake. Hata hivyo, mfungwa wa kondemu hakuambiwa amesamehewa. Hakuambiwa amenyimwa. Kila Desemba, rais akiwapunguzia adhabu baadhi yao, yule aliyebaki hajui kama faili lake lilisomwa likakataliwa au halikufunguliwa kabisa. Mwamwindi alijibiwa jibu la kutisha, lakini alijibiwa. Huyu anazeeka akisubiri mlango ambao hajui kama una mtu nyuma yake.

Majirani zetu wamelitazama jambo hili usoni. Kenya haijanyonga tangu 1987, na mwaka 2009 Rais Kibaki aliwabadilishia zaidi ya wafungwa 4,000 adhabu ya kifo kuwa kifungo cha maisha, akitaja wazi mateso ya akili yanayotokana na kusubiri muda mrefu. Rais Uhuru Kenyatta alifanya hivyo tena mwaka 2016 kwa wafungwa 2,747. Uganda ilikwenda mbali zaidi. Katika kesi iliyofunguliwa na Susan Kigula na wenzake zaidi ya 400, Mahakama ya Juu iliamua Januari 2009 kwamba mtu asiponyongwa ndani ya miaka mitatu tangu rufaa yake ya mwisho, adhabu yake igeuke kifungo cha maisha. Majaji wale waliona kwamba kimya cha mtawala nacho ni adhabu, wakakiwekea mpaka. Kwetu, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu iliyoko Arusha ilitamka Novemba 2019, katika kesi ya Ally Rajabu na wenzake, kwamba kumlazimisha jaji kutoa hukumu ya kifo kunakiuka haki ya kuishi. Uamuzi ule ulihusu mlango wa kuingilia kondemu. Mlango wa kutokea bado haujaguswa.

Simwombei yeyote msamaha hapa. Wapo waliofanya mambo ambayo mimi nisingeyasamehe, na mtawala anayo haki ya kusema hapana. Ninaloliomba kwa Bunge ni sheria fupi: kila faili la mtu aliyehukumiwa kifo lijibiwe kwa maandishi ndani ya muda uliowekwa, jibu likiwa ni la kukataa liseme sababu, familia ya aliyeuawa isikilizwe kabla ya jibu kutoka, na muda ukipita bila jibu adhabu iwe kifungo cha maisha. Uganda wamechagua miaka mitatu. Waheshimiwa wabunge, nasi tuchague.