Aleksandar Petrović: mwalimu aliyeponzwa na filamu ya mwanafunzi wake

Ilipofika mwaka 1973, Aleksandar Petrović alikuwa miongoni mwa waongozaji wa filamu wa Yugoslavia waliojulikana zaidi duniani. Filamu zake mbili zilikuwa zimeteuliwa kuwania tuzo ya Oscar, mwaka mmoja baada ya mwingine, na moja kati yake ilikuwa imetuzwa Cannes. Mwaka huo alifukuzwa kazi ya ualimu katika chuo cha maigizo, filamu, redio na televisheni cha Belgrade. Filamu iliyomponza ilikuwa ya mwanafunzi wake.

Petrović alizaliwa Paris tarehe 14 Januari 1929, katika familia ya Waserbia. Mwaka 1947 alikwenda Prague kusomea uongozaji katika FAMU, chuo cha filamu kilichokuwa kichanga bado. Hakuyamaliza masomo hayo. Mwaka 1948 Stalin wa Moscow na Tito, kiongozi wa Yugoslavia, walikosana, vyama vya kikomunisti vya Ulaya Mashariki vikaitenga Yugoslavia, na kijana huyo ikabidi arudi kwao. Akasomea historia ya sanaa Belgrade hadi 1955, na ufundi wa kamera akaupatia kazini, katika filamu fupi za hali halisi.

Wasomaji wa Afrika Mashariki wanamkumbuka Tito kama rafiki. Mkutano wa kwanza wa wakuu wa nchi zisizofungamana na upande wowote ulifanyika Belgrade mwaka 1961, na mwaka 1970 Tito mwenyewe alizuru Tanzania. Kwa kuwa alikuwa ameachana na Moscow, wasanii wa nchi yake walipata upenyo ambao wenzao wa nchi jirani hawakuwa nao. Mwaka uleule wa mkutano, Petrović alitoa Dvoje, hadithi ya mwanamume na mwanamke wa Belgrade ambao penzi lao linachipua, kisha linapoa bila sababu kubwa. Kwa watazamaji waliozoea mashujaa wa vita, kuona maisha ya watu wawili tu yakipewa uzito wa filamu nzima kulikuwa jambo geni.

Vita navyo alivigusa, lakini kwa namna yake. Tri, ya mwaka 1965, inatokana na hadithi za Antonije Isaković na inamfuata Miloš, aliyeigizwa na Velimir Živojinović, katika vifo vitatu. Vita vinapoanza, anamwona mtu asiye na vitambulisho akipigwa risasi kwa kushukiwa kuwa jasusi. Katikati ya vita yeye mwenyewe ni mpiganaji wa msituni anayewindwa na Wajerumani, na mwenzake anauawa. Mwishoni yuko upande wa washindi: ni ofisa, na mbele yake yuko msichana aliyehukumiwa kufa kwa kushirikiana na adui. Miloš anaweza kusema neno, na hasemi. Katika nchi ambayo utawala wake ulijengwa juu ya ushindi huo, kumwonyesha mshindi akinyamaza kulihitaji ujasiri.

Miaka miwili baadaye ikaja Skupljači perja, yaani Wakusanya Manyoya, kuhusu Waroma wanaonunua na kuuza manyoya ya bata bukini katika tambarare za Vojvodina. Petrović aliwapa Waroma wenyewe nafasi mbele ya kamera, na Kiroma kikasikika katika filamu hiyo. Bekim Fehmiu aliigiza Bora, mfanyabiashara mwenye kiburi na kiu ya mapenzi. Mwimbaji Olivera Katarina naye akaimba humo Đelem, đelem, wimbo ambao baadaye ulikuja kuwa wimbo wa taifa wa Waroma. Mwaka 1967 jopo la Cannes liliipa filamu hiyo tuzo yake maalumu, ikigawana heshima na Accident ya Joseph Losey. Kwenye Oscar ilishindwa na filamu ya Jiří Menzel wa Chekoslovakia, mhitimu wa FAMU, chuo kilekile ambamo siasa zilikuwa zimemtoa Petrović.

Ndani ya nchi, hewa ilianza kuwa nzito. Wanafunzi wa Belgrade waliandamana Juni 1968, na mwaka uliofuata gazeti la chama, Borba, likazibandika filamu mpya za aina hii jina la wimbi jeusi, kwa madai kwamba zinaipaka nchi matope. Mwaka 1972 viongozi wa chama wa Serbia walioonekana kulegeza kamba waliondolewa. Mwaka huo pia Petrović alitwaa tuzo kuu ya tamasha la Pula kwa Majstor i Margarita, iliyotokana na riwaya ya Mikhail Bulgakov kuhusu mwandishi anayesagwa na urasimu wa Kisovieti. Wakubwa wa Yugoslavia walijiona humo.

Pigo lilitokea darasani. Mwanafunzi wake, Lazar Stojanović, alikuwa ametengeneza Plastični Isus kama kazi ya kuhitimu, akiweka picha za Tito katika filamu moja na picha za Wanazi. Stojanović alifungwa. Filamu ikafichwa, na umma haukuiona hadi utawala ule ulipofikia ukingoni, mwaka 1990. Mwalimu naye akapoteza kazi.

Petrović aliendelea kufanya kazi nje. Mwaka 1977 alimwongoza Romy Schneider katika filamu iliyotokana na riwaya ya Heinrich Böll, na mwaka 1989 akakamilisha Seobe, iliyotokana na riwaya ya Miloš Crnjanski. Alifariki Paris tarehe 20 Agosti 1994.

Kati ya 1961 na 1972 alitoa filamu ndefu sita. Katika miaka zaidi ya ishirini iliyobakia ya maisha yake alitoa mbili tu. Hiyo ndiyo hasara inayoonekana. Isiyoonekana ni ya vijana ambao wangekaa mbele yake darasani na hawakukaa. Watawala walipokea sifa za Cannes kwa furaha, lakini hawakuvumilia kwamba mtu aliyewaletea sifa hizo angemwacha kijana aseme alilolifikiri. Mwalimu wa sanaa hupimwa hapo: kwa uhuru anaomwachia mwanafunzi, hata anapojua kwamba bili inaweza kuletwa kwake. Petrović aliletewa, akailipa.