Gobori (Tshopo)

Gobori, ambalo Wakongo wengi huliita pupu, ni bunduki ya kienyeji inayotoka mikononi mwa mhunzi, si kiwandani. Kandokando ya Kisangani, mkoani Tshopo, ni chombo cha wawindaji. Nyama yao iliyokaushwa kwa moshi huletwa mjini kwa mitumbwi, baiskeli na pikipiki. La kale hushindiliwa baruti mdomoni. La kisasa hupiga risasi za marisau za kaliba 12, aina inayotengenezwa pia Pointe-Noire, katika Kongo-Brazzaville. Halina uaminifu: mtutu huweza kumpasukia mwenyewe usoni.

Silaha za kiwandani mji huu umeziona za kutosha, tangu waasi wa Simba walipouteka Agosti 1964 hadi majeshi ya Rwanda na Uganda yalipopigana humo Juni 2000. Vita hivyo vikaisha, gobori likabaki porini.

Mkataba wa Kinshasa wa nchi za Afrika ya Kati wa kudhibiti silaha ndogo na nyepesi, uliopitishwa 30 Aprili 2010 na kuanza kutumika 8 Machi 2017, haukuishia kwenye bunduki nzima. Unahusu pia risasi, pamoja na vipuri vinavyoweza kutumika kuitengeneza bunduki, kuikarabati au kuiunganisha.